Sura ya Saba: Barua ya Alhamisi

"Kitu gani kinazaliwa leo asubuhi na papo hapo kinadai kina miaka miwili?" Nabangala aliuliza. Hakuinua macho. Alikuwa ameishika karatasi kwa ncha za vidole na kuielekeza dirishani, kama mtu anayekagua yai.

"Mama, leo sina nguvu za vitendawili," Wakili Raisa alijibu.

"Basi nipe mji."

"Chukua Nateete, na soko lake, na vumbi lake."

"Nimekwenda Nateete, nimekula, nimeshiba, nimerudi. Jibu ni hii barua yenu."

Aliiweka mezani. Mtu wa tatu chumbani, Katembo, aliiangalia kama nyoka aliyekufa ambaye hajasadikiwa kufa. Katembo alikuwa mwokaji wa mikate, mtu wa Butembo huko Kongo, mwenye mikono mipana na ndevu chache. Alikuwa amesimamia tanuri la kiwanda cha Hajji Abubakar, Nateete, jijini Kampala, tangu mwanawe wa kwanza hajaanza shule. Kisha siku moja meneja mpya akamwambia usirudi kesho. Hakupewa onyo, hakuitwa kusikilizwa. Alikwenda mahakama ya kazi, na kesi ilikuwa inaelekea kwisha vizuri. Ndipo jana, mashahidi wameshasikilizwa, upande wa Hajji ukatoa karatasi ambayo haikuwa kwenye nyaraka zao tangu mwanzo.

Ilikuwa barua ya onyo la mwisho. Ilisema kwamba Katembo aliunguza mikate ya oda ya Idi kwa uzembe, na kwamba Alhamisi ya wiki hiyo, saa tatu asubuhi, ameitwa ofisini kiwandani, amesomewa onyo, amekubali kosa. Tarehe ilikuwa ya mwaka juzi. Chini kulikuwa na muhuri wa kiwanda, na saini.

"Saini ni ya nani?" Nabangala aliuliza.

"Ni yangu, Mama Afande," Katembo alisema. "Hata mimi nikiiona ninataka kuisalimia. Lakini ile karatasi mi sijaionaka hata siku moja."

Watu wengi bado walimwita Afande, ingawa Nabangala aliacha kazi ya polisi zamani. Sasa alikuwa mpelelezi wa kujitegemea, na mawakili wachache waliojua thamani ya mguu unaotembea walimtuma.

"Original iko wapi?" aliuliza.

"Wanasema imeliwa na panya," Raisa alisema. "Nakala hii meneja, Wasim, aliikuta nyuma ya kabati wakati wa kupaka rangi. Ndiyo sababu yao ya kuchelewa."

"Panya wa Nateete wana akili. Wanakula original, wanakuachia nakala." Nabangala alivua miwani. "Jaji amesemaje?"

"Hajaipokea, hajaikataa. Mahakama ya kazi haifungi mlango kwa karatasi iliyochelewa ikiwa mwenyewe ana sababu nzuri. Ijumaa tunarudi kubishana. Ikipokelewa, Mama, tumekwisha. Kesi yetu yote imesimama juu ya neno moja: hakuonywa."

"Na mimi Mama Aber hatanipa tanuri," Katembo aliongeza.

Nabangala alimgeukia. "Mama Aber ni nani?"

"Anafungua kiwanda cha mikate Kalerwe, barabarani kabisa. Ananitaka mimi. Lakini cheti cha kazi nilichopewa kwa Hajji wameandika niliachishwa kwa uzembe. Mama Aber alisema: Katembo, mimi nakupenda, lakini ndugu zangu walionipa mtaji wanasoma karatasi. Lete cheti safi kabla ya Jumamosi, ama nichukue mwingine." Alifungua viganja. "Sasa nakaanga mandazi kwa jirani. Mandazi, Mama! Mimi!"

"Mandazi si matusi," Raisa alisema.

"Kwa mtu wa mikate, ni nusu ya matusi."

Nabangala alicheka, kisha akamsukumia karatasi tupu. "Weka saini hapo, kama unavyoweka siku zote."

Katembo alishika kalamu. Kwanza aliandika maneno mafupi ya Kifaransa, kisha ndipo akasaini chini yake.

"Hayo ya juu ni nini?"

"Ni ya kwetu Kongo. Karatasi yoyote, unaandika kwanza kwamba umeisoma na umeikubali, ndipo unasaini. Hata siku ya kuandikisha ndoa niliandika. Monique ananicheka mpaka leo."

Nabangala alivuta barua karibu. Juu ya saini palikuwa peupe. Raisa alikuwa ameshafungua jalada. Kwenye mkataba wa kazi, maneno yale yalikuwepo, yamesimama juu ya saini kama kofia. Macho ya wakili yaling'aa.

"Endelea kutafuta," Nabangala alisema. "Usifurahi bado."

Raisa alipekua. Karatasi ya tatu ilikuwa ya kupokea aproni na viatu vya kazini. Saini ya Katembo ilikuwa peke yake, bila kofia.

"Na hii?"

Katembo alijikuna shingo. "Ile siku mvua ilikuwa inanyesha, na bale batu ba viatu walikuwa na haraka."

"Mvua imetula," Nabangala alisema. "Wakili wao ataonyesha hii, na sisi tutakaa kimya. Tuache saini. Niambie juu ya Wasim."

"Ni mtoto wa dada ya Hajji. Alitoka Sharjah, kule Uarabuni, mwaka jana, na masanduku makubwa, na maneno makubwa kuliko masanduku. Alitaka nitoe mkate kabla haujaiva katikati, ati kuni zinaisha. Mimi nikasema hapana. Mkate mbichi unaumiza tumbo la mtoto. Basi."

"Mwaka jana ndiyo alikuja. Barua ni ya mwaka juzi."

"Ndiyo maana anasema si yeye aliyeandika," Raisa alisema. "Meneja wa zamani ndiye, na marehemu hawezi kuulizwa. Nami tarehe nimeshaichunguza, Mama, usijisumbue. Nilitumaini nitawakuta wameandika siku ya sikukuu. Simu yangu inasema Idi mwaka ule ilikuwa Jumatano. Alhamisi ni siku ya kazi. Wameruka shimo."

Nabangala aliirudisha barua kwenye bahasha. "Naomba nakala ya hii. Nataka kwenda kumwuliza aliyeizaa karatasi yenyewe."

*

Karatasi zenye kichwa cha kiwanda cha Hajji zilichapwa Wandegeya, kwenye duka la Rosebella, lililobanwa kati ya mkaanga chapati na hosteli ya wanafunzi. Asubuhi ile wanafunzi walikuwa wamejaa mlangoni, kila mmoja na kitabu chake cha kumaliza masomo, kila mmoja akiapa kwamba chake ndicho cha haraka.

"Afande!" Rosebella alipaza sauti juu ya mlio wa mashine. "Ulipotea wapi wewe? Kaa hapo. Wewe ssebo, toka hiyo kiti, mzee anakaa."

"Mzee ni nani hapa?" Nabangala aliuliza, akikaa.

"Haya, kale, dada mkubwa anakaa."

Nabangala alimwonyesha nakala. Alitaka jambo moja tu: kama kichwa cha karatasi, na nembo ya shayiri, na namba za simu zilibadilishwa wakati wowote. Kama zilibadilishwa baada ya tarehe ya barua, kazi ingekuwa imekwisha kabla ya chai.

Rosebella aliitazama, akatikisa kichwa. "Hapana, bambi, pole. Hii ndiyo ile ile. Mimi nachapa hii tangu watoto yangu iko wadogo. Hajji hapendi kubadilisha kitu. Nilimwambia tuweke rangi, alikataa. Nilimwambia tuweke picha ya keki, alikataa."

"Kwa hiyo huwezi kujua ilichapwa lini?"

"Hata mimi, hata Papa wa Roma."

Njia ikawa imeziba. Nabangala alikunja nakala yake, akaomba maji ya kunywa, akaulizia watoto. Ukimkuta mama wa Kampala dukani kwake, huondoki na swali lako peke yake; lazima ubebe na habari.

"Hajji ni mteja mzuri," Rosebella aliendelea, akipanga kurasa. "Analipa, haulizi sana. Lakini mwaka juzi, banange, kalenda yake ilitaka kuniua."

"Kalenda ipi?"

"Ile anagawia wateja yake. Mimi niliweka Idi Jumatano, nyekundu kabisa, kubwa. Sasa mwezi akakataa kutoka! Simu zikaanza hapa: Rosebella, wewe umeona mwezi peke yako? Mimi Mkatoliki, mwezi nitaona wapi? Hajji akakuja mwenyewe, nafikiri atanifokea, kumbe anacheka mpaka kofia inaanguka. Anasema mke yake alishapika, wakala chakula ya Idi kwa futari."

Nabangala aliweka chini kikombe cha maji.

"Rosebella. Rudia polepole. Idi yenyewe ikawa siku gani?"

"Alhamisi."

"Una hakika?"

"Serikali ilihamisha mapumziko Alhamisi. Wanafunzi walikuja na makaratasi yao, mimi nimefunga, walinitukana na Kiingereza." Aliwatazama wale wa mlangoni. "Kama hawa tu."

Nabangala alitoka nje, akasimama pembeni ya moshi wa chapati, akampigia Raisa.

"Mwanangu, mwaka juzi uliswali Idi siku gani?"

"Nilishakuambia, Mama. Jumatano. Simu yangu—"

"Siulizi simu. Nakuuliza wewe, binti wa nyumba ya Waislamu tangu babu wa babu yako."

Upande wa pili pakasikika kiti kikisukumwa.

"Subiri. Mwaka juzi... mama alikuwa amekwisha kuunga pilau. Tukaambiwa mwezi haukuonekana, tukamilishe thelathini. Jumatano yote tukafunga, na harufu ya pilau ndani ya nyumba. Ya Rabi! Ilikuwa Alhamisi!"

"Sasa tega sikio. Mgeni ni mmoja. Kwa jirani ameshakula na kuaga, kwetu bado tunamfagilia njia."

"Mwezi wa Idi," Raisa alisema mara moja.

"Umepata. Leo sichukui mji. Sasa tuufuate huo mwezi. Aliyeandika barua alitaka siku inayofuata Idi, maana kosa lenyewe ni la mikate ya Idi. Akaandika Alhamisi. Kama angekuwa Mwislamu aliyeshinda na njaa Kampala Jumatano ile, akili ingemshtua. Kama angekuwa Mkristo wa Kampala, angekumbuka mapumziko yalivyohamishwa na watu walivyolalamika. Aliyeandika anakumbuka Idi ya Jumatano, na anaikumbuka kwa moyo safi, kwa sababu kweli aliila."

"Sharjah," Raisa alisema. "Kule mwezi ulionekana mapema. Na simu yangu nayo imefuata mwezi wa huko."

"Marehemu meneja alikuwa hapa. Wasim hakuwa hapa."

Raisa alivuta pumzi, na furaha yake ikaanza kupungua, kama mawakili walivyo. "Lakini haitoshi, Mama. Wakili wao, Yasiin, ni mzee wa kazi. Atasema tanuri halijui sikukuu. Wako waokaji wanaowasha moto hata Krismasi. Atasema Katembo aliitwa Alhamisi hiyo hiyo, Idi au si Idi. Nataka kitu kinachoonyesha kwamba mlango wa kiwanda ulifungwa. Na kiwe kitu cha kushikika."

"Na kitakuwa kimechelewa kama chao."

"Kitakuwa kimechelewa. Hilo niachie mimi."

*

Monique, mke wa Katembo, alikuwa barazani kwake Nateete akimsuka jirani. Alimwacha mteja na nusu ya kichwa, akamletea Nabangala kigoda.

"Mama, nakuomba neno dogo," Nabangala alisema. "Asubuhi ya Idi, pale kwa Hajji, mumeo alikuwa anakwenda kazini?"

"Kazini?" Monique alishangaa. "Siku ya Idi? Alikuwa anaenda kula! Mi namwambiaka, wewe ni Mkristo gani, sikukuu za Waislamu unazijua kuliko Pasaka."

"Kula wapi?"

"Nyumbani kwa Hajji. Akitoka msikitini anaita wafanyakazi wote, wa msikiti na wa kanisa. Anawapakulia mwenyewe, hakubali mtu mwingine ashike upawa. Na ufunguo wa kiwanda anauweka katikati, juu ya sinia, peke yake, kama nyama." Alicheka. "Anasema: leo moto umelala, mtu asiniamshie. Mpaka magharibi ufunguo hautoki pale. Alifundishwa na baba yake."

Jirani aliyekuwa akisukwa aliitikia, "Hata mimi mume wangu amekula pale."

"Kila mwaka?" Nabangala aliuliza.

"Kila mwaka, mpaka huyu Wasim alipokuja. Mwaka jana alisema ni kupoteza wakati."

"Na mwaka juzi?"

"Mwaka juzi ndiyo ile ya foto."

Monique aliingia ndani, akarudi na picha kubwa ndani ya fremu, akiipangusa kwa kitenge. "Mi naipenda kwa sababu ya shati. Nilimnunulia mimi. Ona anavyopendeza."

Katembo alipendeza kweli. Alikuwa ameketi mkekani na sahani mapajani, shati la maua, anacheka. Mbele yake Hajji Abubakar mwenye kanzu nyeupe alikuwa ameinama na upawa wa pilau. Marehemu meneja alikuwa pembeni, mdomo umejaa. Na katikati ya wote, juu ya sinia la shaba lisilo na kitu kingine, ulilala ufunguo mmoja mrefu. Pembeni chini, kwa rangi ya njano, kamera iliandika tarehe na saa. Ilikuwa tarehe ya barua. Ilikuwa saa tatu na dakika zake.

"Mama Monique," Nabangala alisema taratibu, "hii imetundikwa ndani tangu lini?"

"Tangu siku ile. Juu ya kitanda."

"Na mumeo analala chini yake, na kesi inaendelea, na hamkuileta kwa wakili?"

"Wakili aliuliza barua, mshahara, mkataba." Monique aliinua mabega. "Hakuna mtu alituuliza juu ya pilau."

Nabangala hakuitoa picha kwenye fremu. Aliigeuza mbele ya Monique na jirani yake, akasoma muhuri wa studio nyuma, akaifunga ndani ya kitenge kile kile. Kabla jua halijakwenda upande alikuwa studio, barabara ya pili, na mpiga picha akamfungulia kompyuta yake. Picha zote za siku ile zilikuwepo, na kabla yake za arusi ya Jumanne, na baada yake za mahafali ya Ijumaa. Tarehe ya kamera haikuwa imepotea njia. Mpiga picha alikubali kuapa.

*

Ijumaa chumba cha mahakama kilikuwa na watu wachache. Jaji alikuwa mama mwenye sauti ya chini ambayo watu walilazimika kuinyamazia. Hajji Abubakar alikaa nyuma ya wakili wake, fimbo katikati ya magoti. Wasim alikaa kando yake na suti ya kijivu. Katembo na Monique walikaa upande wa pili, na Nabangala nyuma yao.

Wakili Yasiin alisimama kwanza, mpole kama mtu anayekukaribisha kwake. Alisema barua ilichelewa kwa bahati mbaya, si kwa hila. Kwamba haki haipaswi kunyimwa kwa ajili ya kabati na panya. Akamweka Wasim kizimbani aeleze alivyoipata.

Kisha Raisa akasimama.

"Bwana Wasim, wewe hukuwepo barua hii ilipoandikwa."

"Sikuwepo. Niliikuta tu."

"Lakini umeapa kwamba Alhamisi ile kiwanda kilikuwa wazi."

"Ndiyo. Idi ilikuwa jana yake. Alhamisi ni kazi."

"Una hakika Idi ilikuwa jana yake? Ni zamani kidogo."

Wasim alitabasamu. "Dada, mtu hasahau Idi. Niliswali Jumatano, nikala, nikalala."

"Uliswali msikiti gani?"

Tabasamu lilibaki mahali pake, lakini mwenyewe alikuwa ameshaondoka. Karani wa mahakama, mwenye kofia ya mkono, ndiye aliyekuwa wa kwanza kuinama na kuficha mdomo.

"Bwana Wasim?"

"Sharjah," Wasim alisema.

"Na hapa Kampala Idi ilikuwa lini?"

Wasim alimtazama mjomba wake. Jaji alisema, "Karani, yaandikwe kwamba shahidi hakujibu. Na mimi nakumbuka, Wakili. Alhamisi ile hata mlango huu ulifungwa."

Yasiin alikuwa ameshasimama. Mzee wa kazi ni mzee wa kazi. "Mheshimiwa, tarehe ya sikukuu haimwokoi mdai. Mikate huokwa hata siku za sikukuu."

"Nilijua utasema hivyo, kaka," Raisa alisema, na akaomba kuitoa picha pamoja na kiapo cha mpiga picha.

"Napinga!" Yasiin alisema. "Imechelewa. Haikuwemo kwenye nyaraka zao."

Safari hii hata Jaji alishika kidevu chake ili asicheke. "Wakili Yasiin, wewe na yeye mmekutana mlangoni wote mmechelewa, na wewe unataka uingie, yeye afungiwe nje? Nitawapima kwa mizani moja. Wakili Raisa, kwa nini imechelewa?"

"Kwa sababu mpaka juzi haikuwa na kazi, Mheshimiwa. Hakuna aliyebisha juu ya Alhamisi hiyo mpaka wao walipoleta barua. Barua yao ndiyo iliyoiita."

"Inahusu nini?"

"Inaonyesha mdai, marehemu meneja na mwajiri mwenyewe walikuwa wapi saa ile barua inasema walikuwa ofisini."

"Upande wa pili utaumia vipi nikiipokea leo, bila nafasi ya kujiandaa?"

"Mheshimiwa, aliyeshika upawa kwenye picha yumo humu ndani. Anaweza kuulizwa sasa hivi."

Picha ilipelekwa kwa Yasiin. Aliitazama, akaitazama tena, kisha akaipitisha nyuma. Hajji Abubakar alivaa miwani. Alipitisha kidole juu ya ufunguo pichani. Monique alimshika Katembo mkono wa shati.

"Mheshimiwa," Hajji alisema, akijiinua kwa fimbo, "naruhusiwa kusema?"

"Wakili wako akikubali."

Yasiin alikubali kwa kichwa.

"Huyu mwenye kanzu ni mimi. Huyu ni meneja wangu, Mungu amrehemu, alipenda pilau. Huyu ni Katembo. Na ufunguo huu ni wa kiwanda, hauna mwenzake. Siku hii hakuna aliyeingia ofisini kusomewa barua. Tulikuwa hapa, tumeketi, tunakula." Aligeuka polepole. "Wasim. Umetunga barua, na ukaniswalisha Idi siku isiyo yangu."

"Mjomba, nilitaka tu kesi iishe—"

"Kaa chini," Jaji alisema, na Wasim akakaa.

Uamuzi haukuwa mrefu. Picha ilipokelewa, kwa kuwa haja yake ilizaliwa na barua, na hakuna aliyeshtukizwa nayo kwa hila. Barua ilikataliwa, kwa kuwa sababu ya kuchelewa haikuaminika, original haikuonekana, na saa iliyoandikwa, waliotajwa walikuwa mahali pengine kwa ushahidi wa mwajiri mwenyewe. Jinsi ilivyotengenezwa, Jaji alisema, ni shauri jingine, na Wasim asiondoke mjini. Yasiin akaomba dakika chache nje, wazungumze na upande wa mdai.

Dakika zenyewe zilitosha. Ukumbini, juu ya benchi, Hajji aliandika cheti kipya kwa mkono wake, kwa kuwa hakutaka tena kumwachia mtu kalamu. Kilitaja miaka ya Katembo tanurini, na kwamba kazi yake ilikuwa safi, na kwamba kuachishwa kwake kulikuwa kosa la kiwanda. Raisa alikisoma, akampa Yasiin naye akisome, akamkabidhi Katembo. Yaliyobaki ya kesi mawakili wawili walianza kuyapatanisha dirishani, wakinong'ona kama mashemeji.

Katembo alikisoma cheti mara mbili, akampa Monique. Monique alikitia ndani ya mkoba, akaufunga, akaukalia.

Hajji hakuwa ameondoka. "Katembo, rudi. Tanuri ni lako. Tangu uondoke mikate yangu ni mawe, wateja wananikatia simu usoni. Nitakuwekea mtu wa kuni, na hakuna atakayekuharakisha."

Katembo alimsaidia kukaa. "Hajji, wewe ni baba. Lakini nilishamwambia Mama Aber ndiyo, nikipata karatasi. Nimepata karatasi."

"Kalerwe?"

"Kalerwe, Hajji. Jumatatu ninawasha moto."

Mzee aliangalia sakafu, kisha mikono ile mipana. Nabangala, aliyekuwa akifunga begi lake karibu, alisikia akiguna kama mtu aliyeshindwa bao na bado anaupenda mchezo.

"Kwa hiyo mimi, Hajji Abubakar, mwenye kiwanda, nitoke Nateete nije kununua mkate Kalerwe?"

"Njoo mapema," Katembo alisema. "Ukichelewa hautaukuta."